Kiti Mbele ya Bomba (Sehemu ya Sita)

Wiki nzima mmeniuliza ni nani aliyeingia pale mlangoni. Mmoja wenu amenifuata hadi dukani, mkate nikiwa nao kwapani, eti nimwambie yeye peke yake halafu atanyamaza. Haya, tusichoshane. Aliyeingia ni Mwalimu.

Na wewe uliyeshika gazeti hili leo kwa mara ya kwanza, sogea nikudokeze, maana hatuna muda. Mikono ndilo jina walilompa watazamaji. Ni yule dada anayekaa pembeni ya picha kwenye televisheni, akiwatafsiria viziwi taarifa ya habari kwa lugha ya alama. Asubuhi ile, saa nne, Waziri wa Maji alimaliza kuongea na waandishi. Sisi wenye masikio tukawekewa muziki. Lakini kile kidude cha sikioni mwa Mikono kilikuwa kimeunganishwa na kipaza sauti cha waziri, na hakuna aliyekumbuka kukizima.

Waziri akamnong'oneza msaidizi wake: "Maji ya bondeni yana sumu ya kiwanda cha ngozi, na tunajua tangu mwezi jana. Ila bomba halifungwi mpaka watu wapige kura."

Mikono akayatoa yote kwa mikono. Hakukusudia. Alikuwa na miaka kumi na mmoja kazini, na mikono yake ilikwisha zoea kwenda yenyewe. Picha yake ilikuwa bado hewani.

Sasa alikuwa amefungiwa katika chumba cha mikutano, mbele ya Mkurugenzi wa kituo na huyo Msaidizi wa Waziri. Walimuuliza mara tatu alisema nini zile sekunde ishirini za mwisho. Mara tatu alijibu, "Nilikuwa nawaaga watazamaji." Ndipo mlango ukafunguliwa.

"Shikamoo, Mwalimu," Mikono akasema.

"Marahaba, mwanangu," akajibu yule mzee. Hakumtazama.

Lugha yenyewe Mikono aliipata nyumbani, kwa mama yake aliyezaliwa kiziwi. Lakini kazi ya ukalimani alifundishwa na mzee huyu. Siku ya kwanza kabisa darasani, Mwalimu aliwaambia jambo moja na kuwarudishia hilo hilo mwaka mzima: kinachoingia sikioni kitoke mikononi, usiongeze, usipunguze, usichague.

Msaidizi akageuza kompyuta. "Mwalimu, tusomee. Dada huyu anasema alikuwa anaaga watu."

Picha ikaanza. Mwalimu akavua miwani, akaipangusa kwa pindo la shati, akaivaa tena. Mikono alimwomba kimoyomoyo. Mdanganye tu, mzee wangu. Sema naaga. Hapa hakuna mwingine anayejua.

"Maji ya bondeni yana sumu ya kiwanda cha ngozi," Mwalimu akasoma, sauti imetulia kama anaita majina darasani. "Tunajua tangu mwezi jana. Ila bomba halifungwi mpaka watu wapige kura." Akamgeukia Msaidizi. "Basi. Ameishia hapo."

Mkurugenzi akashika kichwa.

"Mwalimu," Mikono akasema.

"Ndivyo ulivyosikia?"

"Ndivyo."

"Basi na mimi ndivyo nilivyosoma."

Mikono alimchukia mzee yule kwa moyo wake wote. Nakuambieni kweli, kama macho yangekuwa yanachoma, Mwalimu asingetoka mle chumbani na shati lake.

"Bosi, mimi namfukuza sasa hivi," Mkurugenzi akasema. "Barua naandika mwenyewe."

"Hufukuzi mtu," Msaidizi akasema.

Alikuwa mtu mpole huyu Msaidizi, na upole wake ndio uliotisha. Alitoa simu mfukoni, akaisukuma mezani mpaka mbele ya Mikono. "Tazama, dada yangu. Hii ni ya nusu saa iliyopita."

Ilikuwa picha ya bomba la bondeni, lile bomba moja linalonywesha mtaa mzima. Ndoo na madumu vimepangwa foleni mpaka nje ya picha, na wenye ndoo wanafoka. Kati yao na bomba wamekaa watu kama thelathini, kimya, wamefungana mikono. Wote viziwi. Na mbele kabisa, mgongo umeegemea bomba lenyewe, amekaa mwanamke mnene na futi ya kupimia nguo shingoni. Amekalia kiti chake cha cherehani.

"Unamfahamu?"

"Ni mama yangu," Mikono akasema.

"Nilidhani hivyo. Mmefanana vipaji vya nyuso." Msaidizi akachukua simu yake. "Tangu saa tano hawamruhusu mtu kuchota. Wenzao wanawaambia wamechanganyikiwa. Na mimi ningependa waondoke wenyewe, kwa heri, bila mtu kuguswa. Saa saba kamili waziri anarudi hewani. Atasema maji ni salama, na kwamba asubuhi mkalimani alichanganya habari. Utamtafsiri wewe."

"Kwa nini mimi? Mwalimu yupo."

"Nikiweka mtu mwingine watasema tumekufungia."

"Si mmenifungia?"

Msaidizi akatabasamu. "Wanaamini mikono yako, dada. Kinyozi aliye mkabala na bomba amegeuza televisheni yake iwatazame. Wamekaa pale wanakusubiri wewe utokee. Ukiwaambia wainuke, watainuka."

Hilo lilikuwa kweli, na ndilo lililomuuma Mikono. Mama yake hakuwahi kumwamini daktari mpaka bintiye amtafsirie. Barua za serikali alizitia chini ya cherehani mpaka Mikono arudi nyumbani. Akimwona mwanawe anasema maji ni salama, atainuka, atakunja kiti chake, na jioni atachota ndoo yake kama watu wengine. Mtaa mzima utachota. Watoto watakunywa mpaka siku ya kura, na huo mwezi uliokwisha pita walikuwa tayari wanakunywa.

"Na nikikataa?"

"Pale bombani nina watu sita. Wamevaa kiraia, wamebeba ndoo kama wenzao. Nikisema neno moja, wanamwondoa mama na kiti chake." Alisema hivyo kwa sauti ile ile ya upole. "Mama wa umri ule, nadhani hatapenda kubebwa."

Mikono akainua macho. Akawatazama mmoja mmoja. Mkurugenzi alikuwa anaitazama meza. Mwalimu alikuwa anaitazama saa ya ukutani.

"Nitatafsiri," akasema.

"Vizuri sana. Na wewe, Mwalimu, utakaa na mimi chumba cha mitambo. Akitoa kwa mikono kitu chochote ambacho hakikuingia sikioni mwake, wewe nyanyua mkono, picha ikatwe hapo hapo."

"Kisichoingia sikioni," Mwalimu akarudia polepole. "Hiyo ndiyo amri?"

"Hiyo ndiyo amri."

"Hiyo naiweza."

Wakati wa kutoka, mzee akampita Mikono karibu kabisa, akinuka chaki na dawa ya kifua. "Unakumbuka nilichokufundisha siku ya kwanza?"

"Nakumbuka."

"Basi fanya hivyo hivyo."

Mikono alihisi mzee anamsukumia kisu kingine juu ya kile cha kwanza.

* * *

Saa saba kasoro dakika nne. Studio ilikuwa baridi kama kawaida yake, na taa zilikuwa zinaunguza uso kama kawaida yake. Fundi Sauti alipiga magoti kumfunga Mikono kidude cha sikioni. Alikuwa bwana wa maneno machache, miaka yote ile hawakuwahi kuongea zaidi ya habari za betri.

"Dada," akanong'ona akivuta waya, "ni bondeni kwetu? Bomba lile la kwa kinyozi?"

"Ndilo."

Fundi akamalizia kufunga waya. "Mwanangu wa pili anaharisha wiki ya tatu hii. Tumebadilisha dawa mara mbili." Kisha akainuka na kurudi chumba cha mitambo bila kusema lingine.

Chumba kile kilikuwa nyuma ya kioo kikubwa, na Mikono aliwaona wote kutoka pale aliposimama. Fundi kwenye swichi zake, Mkurugenzi akitembea, Msaidizi amekaa katikati na simu mezani, Mwalimu pembeni yake, mikono ameilaza magotini.

Sauti ya Msaidizi ikaingia sikioni. "Unanisikia, dada?"

Mikono akatikisa kichwa kukubali.

"Fundi, nataka niwe naongea naye muda wote. Kila nikitaka kusema lazima nibonyeze hiki kitufe?"

"Nikikuachia kipaza sauti wazi hubonyezi kitu, mzee," Fundi akasema.

"Acha wazi."

"Nimeacha."

Taa nyekundu ikawaka.

"Ndugu wananchi," waziri akaanza. Alikuwa ofisini kwake, suti mpya, jagi la maji na bilauri mezani. "Asubuhi ya leo, kutokana na makosa ya mkalimani, baadhi ya wenzetu wamepata habari zisizo sahihi. Nataka niwahakikishie. Maji ya bondeni ni salama."

Mikono akayatoa. Makosa ya mkalimani. Si sahihi. Maji, bondeni, salama. Vidole vilikwenda vizuri tu, vizuri kuliko siku nyingine zote, na yeye aliona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Alikuwa anamdanganya mama yake kwa lugha aliyofundishwa na mama yake.

Simu ya Msaidizi ikalia. Akaiweka spika, akaisikiliza, kisha sauti yake ikamjaa Mikono sikioni, imejaa furaha: "Safi sana. Wanaanza kuinuka. Bado mama yako tu na wale wa mbele. Mwaga na tabasamu kidogo."

Mikono akasimama na viganja hewani.

Ilikuwa nusu ya sekunde, msomaji wangu. Nusu ya sekunde tu, na nani kati yetu angeigundua. Kinachoingia sikioni kitoke mikononi. Usichague. Akamtazama Mwalimu nyuma ya kioo, na kwa mara ya kwanza siku ile Mwalimu alikuwa anamtazama yeye.

Wakalimani wana desturi yao. Wanaosema wakiwa wawili, unaonyesha kwanza anayesema ni nani. Mikono akagusa sikio lake kwa kidole. Kisha mikono yake ikasema:

*Mtu aliye sikioni mwangu anasema: safi sana. Wanaanza kuinuka. Bado mama yako tu na wale wa mbele. Mwaga na tabasamu kidogo.*

Na akatabasamu kidogo, kama alivyoagizwa.

Msaidizi hakuona kitu. Aliona dada anachezesha mikono, na mikono ilikuwa ikichezeshwa tangu mwanzo. Alimtupia Mwalimu jicho. Mwalimu alikuwa amekaa vile vile, viganja magotini.

"...na kuthibitisha hilo," waziri alikuwa anasema, "mimi mwenyewe nitakunywa maji haya haya mbele yenu."

"Ngoja, ngoja," Msaidizi akadaka simu nyingine. "Nani ameweka jagi la bomba pale? Nilisema ya chupa. Mpelekeeni ya chupa, haraka, kabla hajamimina. Jifanyeni mnafuta meza."

*Waziri anasema: nitakunywa maji haya haya.* Kidole kikaenda sikioni. *Mtu aliye sikioni anasema: nani ameweka jagi la bomba? Mpelekeeni ya chupa kabla hajamimina. Jifanyeni mnafuta meza.*

Na kweli, kwenye picha, mkono na kitambaa vikapita mbele ya waziri, vikafuta meza iliyokuwa safi, jagi likaondoka na jagi likaja. Waziri akamimina, akanywa, akapangusa midomo.

Simu ya kwanza ikalia tena. Safari hii furaha ilikuwa imemtoka Msaidizi. Ile simu ilikuwa bado kwenye spika, na sauti ya mtu wake wa bombani ikaingia sikioni mwa Mikono pamoja na kelele za mtaa. "Mzee, wamerudi chini. Wote wamekaa tena. Wanacheka, mzee."

"Wanacheka nini?"

"Sijui. Wanaitazama televisheni. Na huyu kinyozi, mkewe ni kiziwi, kwa hiyo anajua lugha yao, amepanda juu ya kiti anawatafsiria watu kwa sauti. Anasema mmebadilisha jagi. Watu wa ndoo wameacha foleni, mzee. Wanamwaga maji waliyochota."

Mikono aliyatoa yote hayo, neno kwa neno, mpaka lile la kumwaga maji.

Msaidizi akageuka taratibu. "Mwalimu. Huyu anasema nini?"

"Anasema unayosema."

"Ya waziri?"

"Yako."

"Na mbona hukunyanyua mkono?"

"Uliniambia ninyanyue akitoa kisichoingia sikioni," Mwalimu akasema. "Vyote vimeingia. Mimi nasikiliza na yeye, bwana. Hajaongeza hata neno."

Ndipo Mikono akaelewa mzee alimaanisha nini pale mlangoni, na akaona aibu ya pili siku ile, ya kumchukia mtu aliyekuwa upande wake.

*Anasema unayosema*, ilisema mikono yake. *Ya waziri? Yako. Hajaongeza hata neno.*

"Kata picha," Msaidizi akasema.

"Kata," Mkurugenzi akapiga kelele. "Fundi, kata."

"Nakata, bosi," Fundi Sauti akasema. Akainamia swichi zake, akabonyeza hapa, akabonyeza pale. "Inagoma. Sijui ina nini leo."

Taa nyekundu ilikuwa bado inawaka.

Msaidizi hakupiga kelele. Akainyanyua ile simu, akasogea mpaka kwenye kipaza sauti, akazungumza taratibu, ili Mikono asikose hata silabi moja.

"Mwondoeni huyo mama," akaiambia simu. "Sasa hivi. Na simu iacheni wazi, nataka mwanawe asikie."

*Mwondoeni huyo mama. Sasa hivi. Na simu iacheni wazi, nataka mwanawe asikie.*

Kwanza zikaja hatua za watu wanaokimbia. Kisha ndoo zinaanguka, moja, nyingi. Kisha mtu anasema, "Shika kiti, shika kiti kwanza." Mikono aliyatoa yote, machozi yakimshuka mbele ya kamera, na hakuwa na mkono wa kuyafutia.

Kisha ikaja sauti nyingine.

Mama yake hakuwa na maneno ya mdomo. Maisha yake yote alikuwa na sauti moja tu, nene, inayotoka kifuani, na aliitumia kwa jambo moja tu: kumwita mwanawe. Alipokuwa mdogo Mikono aliisikia sauti ile ikimfuata hadi mwisho wa mtaa, wenzake wakicheka, naye akirudi mbio kwa sababu alijua hakuna mtu mwingine duniani anayeitwa vile. Hata yeye mwenyewe mama hakuwahi kuisikia.

Sauti ile ndiyo iliyomwingia sikioni.

Kinachoingia sikioni kitoke mikononi. Mikono akainua mkono wa kulia, akagusa shavu kwa vidole viwili, akavishusha mpaka moyoni. Ni jina lake, jina la alama alilopewa na mama kabla ya jina la cheti. Hakuwahi kulionyesha hewani.

Sikio likawa kimya.

Nyuma ya kioo, Msaidizi alikuwa amekata simu na kuchomoa waya wa kipaza sauti kwa mkono wake. Sasa alikuwa anamsukuma Fundi kutoka kwenye kiti, na Fundi alikuwa ameng'ang'ania kiti kama mtoto asiyetaka kunyolewa. Taa nyekundu ilikuwa bado inawaka. Hakukuwa na neno linaloingia, na kwa sheria ya kazi Mikono alipaswa kushusha mikono na kusubiri.

Miaka kumi na mmoja alisema ya mawaziri, ya wachezaji, ya watabiri wa mvua na ya wauza sabuni. Neno lake mwenyewe hakuwahi kusema pale. Alijua mama yake bado anaitazama ile televisheni, kama wamemwachia shingo ya kugeukia. Alijua pia kwamba kitakachotoka mikononi mwake sasa hakikuingia sikioni, na kwamba mzee mmoja alikuwa amekubali kukinyanyulia mkono kitu cha namna hiyo.

Akaikaribia kamera hatua moja.

*Mama*, ikasema mikono yake, *usiinuke.*

Nyuma ya kioo, mkono wa Mwalimu ukaanza kunyanyuka.